Makala Mbili Kuhusu Shangazi Asiyefika

Jumatatu, 3 Juni

Wiki imeanza vibaya. Kompyuta imeganda, chai imepoa, na Kidole amefika kazini kabla yangu. Kidole ndiye kijana wetu wa mitandao. Tulimpa jina hilo kwa sababu kidole gumba chake hakipumziki juu ya simu, hata akiwa anakula. Leo alivaa kilemba cha kike, miwani mikubwa, na mkoba mweusi begani. Nilidhani amerukwa na akili. Kumbe ndiyo mtindo!

Niliandike hili vizuri, nisije nikazeeka nikadhani niliota. Kuna filamu inaitwa "Shangazi Yuko Njiani". Imetengenezwa na kinyozi mmoja na shemeji zake kwa kamera ya kuazima. Familia imepika, imepanga meza, inamsubiri shangazi. Shangazi anapiga simu kila mara kusema yuko njiani, anakaribia, yuko hapo kona. Basi! Hiyo ndiyo filamu nzima. Na watu wamepagawa. Wanakwenda ukumbini wamevaa kama mashangazi, wanaume kwa wanawake. Simu ikilia kwenye filamu, ukumbi mzima unasimama na kupaza sauti: "Umefika wapi?"

Tangu juzi upepo umeanza kugeuka. Wapo wanaosema filamu inawadhalilisha mashangazi. Wapo wanaosema ni upuuzi mtupu, na kwamba wanaoisifu wanafuata mkumbo tu. Mitandaoni wanatoana macho.

Mkutano wa asubuhi ulikuwa moto. Mhariri Mkuu, ambaye sote tunamwita Mkuu, aliuliza tovuti yetu ishike msimamo gani. Kidole alitaka tuisifu asubuhi, mchana na jioni. Mhariri wa habari alitaka tuwatetee mashangazi. Mimi nilitaka kunywa chai. (Mkuu alikuja kwetu akiwa mwanafunzi wa mazoezi, nami ndiye niliyemwonyesha kabati la karatasi liko wapi. Sasa ni bosi wangu. Sina kinyongo. Hata kidogo.)

Kisha Mkuu akasema neno lililonifanya niweke kikombe chini. Anafufua safu ya filamu ya kila wiki. Kwa jina lake la zamani: Kiti cha Nyuma.

Kiti cha Nyuma! Safu yangu! Niliiandika miaka yote tulipokuwa gazeti la karatasi, na picha yangu ndogo pembeni, nikiwa na nywele. Gazeti lilipoacha kuchapwa tukahamia mtandaoni, safu ikazikwa nalo. Mkuu alisema atampa yule ambaye wiki hii ataiandika filamu hii mpaka wasomaji wazungumze. Kidole aliinua mkono hata kabla sentensi haijaisha. Nilimtazama kwa tabasamu la mtu mzima. Moyoni nilikuwa nikimnyonga kwa mkanda wa mkoba wake.

Lazima niipate. Sitaki kingine duniani.

Jumanne, 4 Juni

Nimefikiri usiku kucha, au angalau mpaka usingizi uliponichukua. Shida ni hii: nisifu au niponde? Nikisifu na upepo ukageuka, nimekwisha. Nikiponda na filamu ikaendelea kutamba, nimekwisha vilevile.

Zamani hapakuwa na mambo haya. Uliandika, msanifu akakata kwa mkasi, akabandika, mtambo ukanguruma ghorofa ya chini mpaka vikombe vikatikisika mezani. Asubuhi maneno yako yalikuwa barabarani, na hakuna wa kuyabadilisha. Ukikosea, umekosea mbele ya mji mzima. Nilikuwa nikitoka pale na wino kwenye mikono ya shati, na konda ananitambua kwa picha. Naikumbuka harufu ile ya karatasi mbichi. Ningeweza kulia sasa hivi, hapa mezani, lakini Kidole ananitazama.

Siku hizi tunapima vichwa vya habari. Makala moja inapewa vichwa viwili. Nusu ya wasomaji wanaona hiki, nusu wanaona kile, kila simu na chake, na kinachobofywa zaidi ndicho kinachobaki. Mtambo unachagua wenyewe. Chini ya kila kichwa kuna kisanduku cha utangulizi, mahali pa kuandika sentensi moja ya kumvuta msomaji.

Leo, katika kuhangaika kwangu, nimegundua jambo ambalo Kidole na ujana wake wote halijui. Kile kisanduku hakina kikomo!

Nimerudia kusoma sentensi hiyo mara mbili. Hakina kikomo. Ukitaka, unamwaga humo makala nzima. Maana yake, naweza kuchapisha makala mbili kwa anwani moja ya tovuti. Nusu ya nchi itanisoma nikisifu. Nusu itanisoma nikiponda. Mtambo utapima nani wengi, na wale wachache watasahaulika. Sitakuwa upande wowote kwa sababu nitakuwa pande zote!

Filamu yenyewe sijaitazama. Tiketi zimekwisha, na isitoshe mtu wa uzoefu wangu hahitaji kutazama filamu ili aijue. Nimemzunguka Kidole kwa ujanja nikamuuliza inaishaje, nikijifanya nataka tu kulinganisha mawazo. Akasema, bila kupepesa macho, kwamba mwishoni shangazi anatokea akiendesha pikipiki, sufuria imefungwa nyuma. Nikaitikia kwa kichwa kama anayekumbuka. Masikini Kidole, hajui kutunza siri.

Nimerudi nyumbani, nikamkuta shangazi yangu mwenyewe sebuleni. Ni dada wa marehemu baba, mwalimu mkuu mstaafu, amekuja mjini kupimwa macho. Ameweka begi lake kwenye kiti changu. Kabla sijamaliza kumwamkia alikwisha kuniambia kwamba hiyo filamu ni ya kishenzi na aliyeitunga angekuwa mwanafunzi wake angemtia adabu. Mke wangu alikuwa jikoni, anajaribu mkoba mpya. Filamu ameitazama mara mbili na wenzake wa kazini.

Nyumba imegawanyika kama wasomaji. Nimelichukulia hilo kama baraka.

Jumatano, 5 Juni

USHINDI! Makala zimetoka asubuhi. Ya sifa ina kichwa "Filamu Iliyoturudisha Ukumbini". Ya kuponda ina kichwa "Upuuzi Uliofungwa Kilemba". Sijui ipi ninaipenda zaidi. Katika ya sifa nimeandika juu ya taa kuzimika, na watu wasiojuana kucheka pamoja gizani. Katika ya kuponda nimesema kwamba kuliko kuonyesha mambo kama haya, ukumbi wa zamani inamoonyeshwa heri ugeuzwe ghala la vigae. Nimeipigilia msumari kwa kumcheka yule shangazi wa pikipiki.

Mchana maoni yalikuwa yanamiminika kama mvua juu ya bati. Msomaji mmoja alinishukuru kwa kuitetea filamu. Aliyefuata akamuuliza kama anajua kusoma. Wa tatu akawaambia wote wawili wakapimwe. Wamegombana mpaka jioni, kila mmoja akimwambia mwenzake arudi asome tena. Anarudi, anasoma ileile aliyoisoma, anapandisha hasira zaidi. Sijawahi kuona kitu kizuri kama hicho katika maisha yangu ya kazi.

Mkuu alipita mezani kwangu akasema hajui nimefanya nini, lakini hakuna makala iliyowahi kuzungumzwa hivi. Kidole alisikia. Kidole gumba chake kilisimama! Nilikunywa chai ya moto kwa mara ya kwanza wiki hii.

Nyumbani nimepokewa kama mfalme. Mke wangu amesoma kwenye simu yake, akapata ya sifa. Aliniambia hakujua kwamba bado nakumbuka. Tulikutana pale, katika ukumbi ule. Yeye alikaa nyuma yangu, akanigusa bega akaniambia nishushe kichwa, haoni. Nimeshusha kichwa tangu siku hiyo. Ameniwekea paja la kuku bila kuombwa.

Shangazi naye amesoma kwenye simu yake, akapata ya kuponda. Ameniita pembeni akasema hatimaye katika ukoo wetu kuna mtu anayetumia ubongo, na marehemu baba angejivunia. Hajawahi kunisifu tangu nizaliwe. Machozi yalinilenga.

Wakati wa chakula nilifungulia redio kwa sauti kubwa ili wasizungumze. Walipofungua midomo nilipiga wimbo kwa vidole mezani. Shangazi aliuliza kama nina homa.

Alhamisi, 6 Juni

Nimekamatwa. Ni umeme! Umekatika asubuhi, redio ikanyamaza.

Mke wangu akasema ngoja atusomee kipande kizuri. Akasoma sehemu ya taa kuzimika. Shangazi akasikiliza, akasema hicho kipande hakimo. Mke wangu akasema kimo. Shangazi akatoa simu, akasoma sehemu ya ghala la vigae. Wakabadilishana simu. Wakasoma kimyakimya, kila mtu ya mwenzake, na mimi nikipaka siagi kipande kimoja cha mkate pande zote mbili.

Shangazi hakupaza sauti. Alitumia neno moja tu: ndumilakuwili. Mke wangu alirudisha simu ya Shangazi mezani. Alichukua ule mkoba wake mpya akaenda kazini. Hilo ndilo lililonichoma zaidi, kwa sababu yale ya taa niliyaandika kwa moyo. Ukweli! Yale ya vigae pia niliyaandika vizuri, lakini si kwa moyo.

Kazini nilimkuta Mama Tiketi ananisubiri mapokezi. Nimwandike huyu kwa heshima. Ndiye anayekata tiketi katika ukumbi ule wa zamani, tangu nikiwa mwanafunzi wa kaptula. Nilikuwa nikisimama nje nikitazama picha za ukutani. Filamu ikishaanza na viti vya nyuma vikiwa wazi, alikuwa ananikonyeza, nami naingia kwa kunyata. Jina la safu yangu lilitoka hapo. Sikuwahi kumwambia.

Amezeeka. Mwavuli wake ni ule ule wa zamani, au nduguye. Amesoma makala kwenye simu ya binti yake, na simu ya binti yake ilimpa ya kuponda. Hakuja kugomba. Alisema miaka imepita wakifagia ukumbi usio na watu, mwenye jengo akileta wafanyabiashara wa vigae kupima kuta. Sasa umejaa, watu wanapanga foleni mpaka kwa fundi viatu, na mwenye jengo ameacha kuleta wapimaji. Aliomba tu nisiwaambie watu wasije. Kisha akatabasamu akaniuliza ile pikipiki niliiona wapi, maana yeye ameitazama filamu kila siku na pikipiki haijampitia.

Nilisema labda ni tafsiri yangu.

Akafungua pochi akanipa tiketi za Jumamosi. Yangu, ya mke wangu, na ya ziada. Akaniita mwanangu. Nilibaki pale mapokezi nikitamani ardhi ipasuke.

Kidole amenipiga chenga ya pikipiki! Hilo silisahau.

Ijumaa, 7 Juni

Kidole ana simu mbili. Ningepaswa kujua kwamba mtu kama yule ana simu mbili. Alizilaza mezani kwa Mkuu, moja kulia na nyingine kushoto, kila moja na makala yake, akaondoka kwa adabu akifunga mlango taratibu.

Mkuu aliniita. Aliniuliza kama nimeitazama filamu. Nikasema kwa namna fulani. Akanikumbusha kwamba siku yake ya kwanza hapa, nilimketisha chini nikamwambia asithubutu kuandika juu ya filamu ambayo hajakaa akaitazama mpaka jina la mwisho. Nikasema enzi hizo nilikuwa nasema mambo mengi. Hakucheka. Alionekana mwenye huzuni, na hiyo ni mbaya kuliko hasira. Alisema alikuwa akisoma Kiti cha Nyuma shuleni kwao, gazeti likiwa limefika baada ya siku kadhaa, na ndiyo sababu alikuja kuomba kazi hapa. Hakuwahi kuniambia. Mbona watu hawaambiani mambo kwa wakati?

Makala zote mbili zimeondolewa. Kisanduku cha utangulizi kimewekewa kikomo, na makala zetu zote pia, kwa sababu yangu. Mhariri wa michezo amenipita bila kunisalimia. Nimeagizwa kuandika radhi kwa wasomaji. Nilifikiria kuandika mbili, ya kuwaomba radhi waliosoma sifa na ya kuwaomba radhi waliosoma kejeli, nione ipi itapokelewa vizuri. Nilipojaribu, nikakuta Mkuu amekwisha kunifungia kitufe cha vichwa viwili.

Radhi imetoka. Moja tu. Inanitia aibu kila nikiisoma, nami nimeisoma mara nyingi kuona kama ina mtindo.

Safu bado haijapewa mtu. Mkuu ataamua mwanzoni mwa wiki. Kwa hiyo bado kuna tundu dogo la kupenya.

Jumamosi, 8 Juni

Tumekwenda. Mke wangu alikubali kwa sharti la kutozungumza nami njiani. Shangazi alikuja na ile tiketi ya ziada kwa ajili ya kukusanya ushahidi. Hakuvaa kilemba maalumu, alivaa tu nguo zake za kila siku, na pale kwenye foleni watu wakampigia makofi, wakamwambia amepatia kuliko wote. Hakuelewa. Mimi mke wangu alinifunga kilemba chumbani, akikikaza chini ya kidevu zaidi ya ilivyohitajika.

Sijaingia mle tangu gazeti lilipokufa. Nilidhani nitakuta padogo, kama mahali pote pa zamani. Padogo kweli. Zulia limeisha hadi sakafu, feni moja inazunguka na nyingine inaitazama. Lakini pamejaa! Watu mpaka ngazini. Harufu ileile ya vumbi la mapazia na miili ya watu wengi wenye furaha. Sikuwa tayari. Nilikaa nikiwa na kilemba changu, taa zikaanza kufifia, kelele ikashuka polepole, na ule mwanga wa projekta ukapita juu ya vichwa vyetu. Nilikuwa na miaka kumi na moja tena. Sikuwa na njama hata moja kichwani. Nafikiri ilikuwa mara ya kwanza tangu ujana.

Filamu si nzuri. Sauti inakatika, na yule kinyozi anaonekana kwenye kioo cha kabati ameshika kamera. Lakini kuna ile meza. Wanasubiri, wanasogeza viti, wanakula kidogo kidogo kwa siri, na sahani ya shangazi wameifunika kwa sahani nyingine. Simu inalia, watu wanasimama, "Umefika wapi?" Mke wangu alisimama. Nikasimama. Mara ya kwanza Shangazi alibaki amekunja mikono. Mara ya pili alikohoa. Mara ya tatu nikasikia sauti ya mwalimu mkuu, sauti iliyowahi kunyamazisha gwaride zima, ikipita juu ya wote: "UMEFIKA WAPI?"

Mwishoni hafiki. Wanazima taa, wanakwenda kulala, mtoto mmoja anarudi na kuigusa ile sahani kuona kama bado ina joto. Hakuna pikipiki.

Taa zilipowaka Shangazi alikuwa analia. Nilidhani ni macho yake. Alisema hapana. Alisema yeye ndiye aliyekuwa anachelewa daima, kila mkutano wa familia, kwa sababu ya shule, kwa sababu ya mitihani, kwa sababu ya watoto wa watu. Na baba yangu alikuwa anamfunikia sahani, hata wageni wakisema ameshakula huko. Alisema hajawahi kumshukuru. Nikamshika mkono. Nilimkumbuka baba, jinsi alivyokuwa anasimama dirishani akijifanya anatazama hali ya hewa. Tulisimama pale mpaka Mama Tiketi akaja na ufagio, akatusubiri.

Njiani kurudi mke wangu alinifungua kilemba. Alisema sasa nina cha kuandika.

Jumapili, 9 Juni

Ninacho! Nimeandika tangu asubuhi. Makala moja, ya kweli, ya mtu mmoja. Mwanga wa projekta, sahani, baba dirishani. Nimeisoma kwa sauti bafuni, nikairudia. Hii ndiyo itakayonirudishia safu.

Ningeituma saa ileile. Lakini nimefikiri: nikiituma leo, Mkuu ataisoma akiwa nyumbani na watoto, hatatulia. Nikiituma kesho baada ya mkutano, wengine wakiwa wamekwisha kumchosha, itamfikia kama maji ya baridi. Kupanga wakati ni nusu ya kazi. Nimeiweka.

Shangazi amekaa sebuleni siku nzima na simu, miwani puani, akibonyeza herufi moja baada ya nyingine kama anayechagua mchele. Nilimuuliza anaandika nini. Akasema anaacha maoni kidogo chini ya ile radhi yangu, maana haikuwa na koma za kutosha. Nikamwambia vizuri, ajiburudishe. Hakuna anayesoma maoni.

Jumatatu, 10 Juni

Wote wanasoma maoni.

Nilifika kazini nikakuta chumba kizima kimeinamia skrini ya Kidole. Mhariri wa habari alikuwa akijifuta macho kwa kona ya kilemba cha mtu. Shangazi ameandika. Jinsi alivyokwenda kuikamata filamu na ushahidi, na jinsi filamu ilivyomkamata yeye. Sahani ya kaka yake. Kwamba shangazi hadhalilishwi na watu wanaomsubiri. Waliokuwa wakitukanana wiki nzima wamejipanga chini yake, mmoja mmoja, wanaeleza ni nani alikuwa akiwafunikia sahani. Wale waliosifu na wale walioponda. Haina hata kosa moja la koma.

Ni makala yangu! Sahani, dirisha, baba. Ileile, isipokuwa yake ni bora na imetoka jana.

Mkuu ameamua mbele ya mkutano mzima. Safu anapewa mwandishi wa maoni yale. Alipogundua ni shangazi yangu alicheka mpaka akashika meza. Kidole alikubali kwa moyo mmoja, mnafiki mkubwa. Nami nimepewa kazi ya kumhariri: kupokea anachotuma, kukipunguza kitoshe, na kukipandisha kwenye tovuti.

Nilitoka nikakaa kwenye ngazi za dharura. Niseme ukweli humu, maana humu hakuna anayenisoma. Imeniuma. Si kwa sababu ya Shangazi, anastahili. Imeniuma kwa sababu nilikuwa nayo mkononi, jana, imekamilika, na kwa mara ya kwanza ilikuwa kweli. Mkuu alikuja akakaa kando yangu na chai mbili. Tulikunywa. Kisha akasema mambo haya si ya milele, nitulie tu nifanye kazi vizuri, atazungumza na Shangazi. Sikuelewa. Nilikuwa tayari nimeanza kufikiri jambo lingine.

Alhamisi, 13 Juni

Mambo yamekuwa mazuri!

Shangazi ametuma safu yake ya kwanza kabla ya kurudi kwake. Nimempakilia begi, tumekumbatiana, amenikazia macho akaniambia niisome yote, kwa utulivu, mpaka mwisho, na nisiguse ila koma. Nikamwahidi.

Sasa, njama yangu. Nitatia maneno yangu ndani ya yake. Kidogo kidogo. Leo aya moja. Baadaye mbili. Kabla ya mwaka kuisha safu nzima itakuwa yangu, chini ya jina lake, na siku nitakapofichua, Mkuu atabaki mdomo wazi. Nimechagua aya yangu bora, ile ya mwanga wa projekta. Imekaa vizuri sana kati ya sahani na machozi.

Tatizo: kile kikomo kipya. Mtambo ulikataa. Ilibidi nipunguze mahali. Nikakimbilia mwishoni, kwa sababu waandishi wachanga hujaza mwishoni. Kweli, aya yake ya mwisho ilikuwa ya mambo ya ukoo. Nilipitisha jicho tu. Eti kiti hiki si chake, ni cha mtoto wa kaka yake, yeye anakipasha joto mara hii moja tu kwa makubaliano na Mhariri Mkuu, na kuanzia wiki ijayo mwenyewe atarudi kukikalia, kwa sababu amemwona Jumamosi akitazama filamu kama baba yake alivyokuwa akitazama dirishani. Maneno matamu, lakini msomaji hahitaji kujua ukoo wetu. Nimeifuta. Aya yangu ikaingia bila kubaki hata nafasi ya nukta.

Imetoka mchana. Inasomwa sana. Wengi wanamsifu Shangazi kwa ile aya ya projekta, na wanamwomba asiondoke kamwe. Mkuu amesema kwa sauti ya ubaridi kwamba alitarajia mwisho tofauti, lakini kama hivyo ndivyo Shangazi alivyoamua, basi hawezi kumlazimisha, atampa safu kwa mwaka mzima. Kisha akanitazama kwa muda mrefu. Nafikiri anaanza kuuona mkono wangu.

Wiki ijayo natia aya mbili.